Ombi la ulinzi wa polisi kwenye sikukuu ya dini: linakwama wapi, linapita wapi

Mzee mmoja wa kanisa aliingia ofisini kwetu hapa Mbeya asubuhi ya mvua, tope la Mwanjelwa bado bichi kwenye viatu, bahasha ya kaki ameikumbatia ndani ya koti. Zilikuwa zimebaki wiki tano kufika Jumapili ya Matawi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Sina maneno mengi. Nataka oda ya mahakama, polisi waje watulinde."

Mwaka uliotangulia matembezi yao ya Matawi yalivurugwa. Vijana wa upande uliojitenga na uongozi wa kanisa walipanga bodaboda katikati ya barabara, wakapiga honi mpaka kwaya ikanyamaza, na bibi mmoja akaanguka mtaroni akimvuta mjukuu wake asikanyagwe. Mwaka huu vitisho vilianza mapema: safari hii mtatutambua. Ndani ya bahasha mlikuwa na picha za simu zilizochapwa, majina ya mashahidi na muhtasari wa kikao cha wazee. Nikamuuliza, barua mliyopeleka polisi iko wapi?

"Barua? Tulimpigia simu mkuu wa kituo, mwanangu. Alitujibu vizuri kabisa."

Jibu hilo nimelisikia kwa wazee wa kanisa na kwa makatibu wa misikiti pia, wa mjini na wa vijijini. Kila nikilisikia moyo unanyong'onyea, kwa sababu najua shauri la namna hiyo likifika Mahakama Kuu litaondolewa kabla jaji hajasikia habari za bibi na mtaro. Ombi la ulinzi hufaulu au hufa mapema, pale mapokezi ya kituo cha polisi, kwenye nakala ya barua iliyogongwa muhuri. Ngoja nieleze kwa nini.

Taarifa, wala si kibali

Watu wengi bado wanasema "tunaomba kibali cha maandamano ya dini." Neno hilo lilistahili kuachwa tangu 1994. Mwaka huo, katika Mahakama Kuu Dodoma, Jaji Kahwa Lugakingira aliamua shauri la Mchungaji Christopher Mtikila dhidi ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na akatamka kwamba sharti la kuomba kibali ili watu wakusanyike kwa amani linapingana na Katiba. Haki ya kukusanyika, iliyo katika Ibara ya 20, haiwezi kutegemea hisani ya ofisa. Mtikila alikuwa mtu wa Ludewa, wa nyanda hizihizi za juu kusini, naye amezikwa kwao Milo. Natamani vijana wetu wangeijua hukumu ile kama wanavyojua matokeo ya mechi za uwanja wa Sokoine.

Sheria ya Jeshi la Polisi na Huduma Saidizi, Sura ya 322, kifungu cha 43, leo inadai taarifa: anayeandaa mkusanyiko au maandamano mahali pa umma amjulishe kwa maandishi ofisa wa polisi wa eneo husika angalau saa 48 kabla, akitaja mahali, muda na madhumuni. Ofisa anaweza kuzuia akiridhika kwamba mkusanyiko unaelekea kuvunja amani au kuhatarisha usalama wa umma. Asiyeridhika na amri hiyo anakata rufaa kwa Waziri. (Namba za vifungu ninazotumia ni zile zilizozoeleka. Tangu Julai 2025 linatumika toleo jipya la sheria zetu, kwa hiyo hakiki namba kabla ya kuandika hati yoyote.)

Matembezi ya Matawi yanayopita barabarani, au msafara wa Maulidi unaokatiza mjini, ni mkusanyiko wa mahali pa umma. Taarifa basi ni wajibu, lakini pia ni silaha ya mwombaji. Barua moja inaweza kufanya kazi mbili. Aya ya kwanza itoe taarifa ya matembezi. Aya ya pili ieleze tishio: nani, lini, kwa maneno gani, na mwaka jana kulitokea nini. Aya ya tatu iombe ulinzi waziwazi: askari wa kutembea na msafara, trafiki kwenye makutano, na doria wakati wa ibada. Peleka nakala kwa Mkuu wa Polisi wa Wilaya, kwa Kamanda wa Mkoa, na kwa Mkuu wa Wilaya ambaye ni mwenyekiti wa Kamati ya Ulinzi na Usalama. Usiondoke kaunta bila muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako, tarehe inasomeka. Saa 48 ni kiwango cha chini cha sheria. Mwenye tishio mkononi apeleke wiki nne au tano kabla.

Je, polisi wanawajibika kweli?

Wanawajibika. Ibara ya 19 ya Katiba inalinda uhuru wa imani na kuabudu. Kifungu cha 5 cha Sheria ya Polisi kinawapa kazi ya kutunza amani na kulinda mali. Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kifungu cha 126, inamfanya kuwa mkosaji yeyote anayevuruga kwa makusudi mkusanyiko halali wa ibada. Hoja ngumu iko kwingine: polisi wakijua fujo itatokea, wamzuie nani, anayeabudu au anayetishia?

Swali hili lilijibiwa Uingereza mwaka 1882, katika shauri la Beatty dhidi ya Gillbanks. Jeshi la Wokovu lilikuwa likiandamana na nyimbo zake katika mji wa Weston-super-Mare, na kundi la wapinzani likiwashambulia kila mara. Mahakimu wa mji wakapiga marufuku matembezi, Beatty akaendelea, akakamatwa na kuwekwa chini ya dhamana ya kutunza amani. Mahakama ya juu ikaifuta amri hiyo: mkusanyiko halali haugeuki kuwa haramu kwa sababu tu watu wengine wamedhamiria kuufanyia fujo. Mahakama zetu hupokea misingi ya sheria ya Kiingereza kama ilivyokuwa Julai 22, 1920, hivyo hukumu ile si ngeni kwa jaji wa Mbeya wala wa Iringa. Mimi huitaja kila ninapopata nafasi, maana kishawishi cha ofisa aliyechoka ni kilekile cha mahakimu wa Weston: kuwaambia wanaosali wabaki nyumbani ili mji utulie.

Kiwango cha wajibu huo kilipimwa miaka ya baadaye huko Strasbourg, kwenye Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu. Madaktari Wakatoliki wa Austria waliopinga utoaji mimba walifanya ibada na matembezi mwaka 1980 katika mji wa Stadl-Paura. Wapinzani wakajichomeka katikati yao, wakawazidi sauti kwa vipaza sauti, wakawarushia mayai na mabonge ya majani. Polisi walikuwepo, nao wakaingia kati pale watu walipokaribia kupigana. Mwaka 1988 mahakama ikasema Serikali haimalizi wajibu wake kwa kujiweka kando tu. Lazima ichukue hatua za busara ili mkusanyiko halali ufanyike kwa amani. Lakini haiwezi kudhamini kwamba hakuna yai litakalorushwa. Wajibu ni wa kujitahidi kwa njia zinazofaa, na namna ya kujitahidi wanaachiwa polisi wachague. Hukumu hiyo haitufungi sisi, ila inasaidia kuona mpaka wa kile ambacho jaji yeyote anaweza kukupa.

Njia za kwenda mahakamani, na saa inavyokimbia

Hapa ndipo wengi hupotea, kwa hiyo nitakwenda taratibu.

Njia ambayo kila mtu anaitaja ni amri ya mandamus, yaani Mahakama Kuu kumwamuru ofisa wa umma atimize wajibu ambao sheria imemwekea. Inatoka katika Sura ya 310 ya sheria zetu, na kanuni zake ni za 2014. Masharti yake yalielezwa vizuri mwaka 1986 katika shauri la John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa wa Kagera na Kamanda wa Polisi wa Mkoa huo, mbele ya Jaji Mwalusanya. Mwombaji awe alidai wajibu utekelezwe, na ofisa akakataa. Wajibu uwe wa kisheria, na uwe unamgusa raia mwenyewe, si Serikali peke yake. Uwe wa lazima, usiwe wa hiari ya ofisa. Mwombaji awe na maslahi halisi katika jambo lenyewe. Na pasiwe na nafuu nyingine ya kufaa.

Soma sharti la kwanza tena: awe alidai, na akakataliwa. Simu kwa mkuu wa kituo, tena aliyejibu vizuri, haithibitishi kudai wala kukataliwa. Barua yenye muhuri inathibitisha kudai. Majibu ya kukataa, au ukimya wa wiki tatu baada ya barua mbili, unajenga hoja ya kukataliwa. Bila karatasi hiyo, wakili wa Serikali atasimama na pingamizi la awali, na sehemu hiyo ya shauri itachukua dakika kumi.

Sharti la tatu ndilo fundo lenyewe. Kulinda amani ni wajibu wa lazima, lakini kuamua wapelekwe askari wangapi, wasimame wapi, wavae sare au kiraia, ni hiari ya kamanda. Jaji hawezi kukaa masjala Mbeya akapanga doria ya Uyole. Ombi linalosema "Mahakama iamuru askari ishirini wawepo kuanzia saa moja asubuhi" linajikata miguu lenyewe. Linalosema "Mahakama iamuru wajibu maombi (yaani polisi walioshtakiwa) wazingatie tishio lililotolewa taarifa tarehe fulani na wachukue hatua za kufaa kulinda ibada" lina pa kusimamia.

Halafu kuna muda. Kwanza unaomba ruhusa ya mahakama, ndani ya miezi sita tangu uamuzi unaoulalamikia, ukiambatanisha maelezo na hati ya kiapo, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali anaitwa kusikilizwa. Ruhusa ikitoka, una siku 14 za kuwasilisha maombi yenyewe. Sikukuu haisubiri hayo yote. Ndiyo maana shauri la namna hii lazima liende na hati ya dharura, nayo ieleze kwa nini tarehe haiwezi kusogezwa. Pasaka haiahirishwi. Idd inafuata mwezi. Jaji anaelewa hilo, lakini anataka pia kujua ulikuwa wapi wiki nne zilizopita.

Njia ya kikatiba ni pana zaidi. Ibara ya 30(3) inamruhusu mtu kwenda Mahakama Kuu hata pale haki yake inapoelekea kuvunjwa, asisubiri mpaka bibi aanguke mtaroni. Sheria ya Utekelezaji wa Haki za Msingi na Wajibu, Sura ya 3, inaweka utaratibu. Lakini shauri husikilizwa na majaji watatu, na kifungu cha 8(2) kinaizuia mahakama kutumia mamlaka hayo iwapo kuna nafuu ya kutosha chini ya sheria nyingine. Kwa sikukuu iliyo wiki tatu mbele, njia hii ni nzito mno. Inafaa pale kunapokuwa na tabia ya kudumu: kila mwaka, dini ileile, katazo lilelile lisilo na sababu.

Wapo wanaofungua kesi ya kawaida ya madai dhidi ya polisi. Hiyo ndiyo inayonisikitisha kuliko zote, maana fedha za waumini hupotea bure. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inadai notisi ya siku 90 kabla ya kuishtaki Serikali, Mwanasheria Mkuu aunganishwe, na kifungu cha 11 hakiruhusu amri ya zuio dhidi ya Serikali. Mahakama hutamka haki tu. Mawakili hujaribu kuziba pengo la siku 90 kwa kuomba zuio liitwalo Mareva, yaani zuio la muda kabla kesi yenyewe haijafunguliwa. Dhidi ya mtu binafsi linaweza kusaidia. Dhidi ya polisi, sikukuu itakuja na kupita.

Mlango wa gharama nafuu

Karibu na wewe kuna mahakama ya hakimu ambayo watu huisahau. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, kuanzia kifungu cha 70, inamruhusu hakimu, akipewa taarifa kwa kiapo kwamba mtu fulani anaelekea kuvunja amani, amwite aje aeleze kwa nini asiwekwe chini ya dhamana ya kutunza amani kwa muda usiozidi mwaka mmoja. Huhitaji majaji watatu. Unahitaji mtu aliyesikia tishio kwa masikio yake, aliye tayari kuapa, na jina la aliyetishia. Kijana aliyesaini dhamana, akijua fedha zake na za mdhamini wake zitapotea akivuruga, hufikiri mara mbili kabla ya kuwasha bodaboda.

Na fungueni taarifa kituoni kuhusu fujo za mwaka jana, mpewe namba ya RB, yaani namba ya taarifa yenu katika kitabu cha kituo. Kosa la kifungu cha 126 likikaa bila kuripotiwa, mwaka huu linaonekana kama hadithi.

Kama wavurugaji wanadai kiwanja au jengo, kuna zuio la muda dhidi yao wenyewe. Hapo hakimu au jaji atapima maswali matatu ya shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la 1969: je, kuna hoja ya msingi ya kuamuliwa, je, mwombaji ataumia kwa namna isiyofidika, na nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likinyimwa? Ni njia ya maana, ila inafungua mlango wa swali ambalo kila mtu alikuwa akilikwepa.

Swali la nani mwenye sikukuu

Mbeya na Rungwe ni nchi ya makanisa ya siku nyingi. Wamoravian walifika Rungwe mwaka 1891, na Walutheri wa misheni ya Berlin wakaingia kwa Wanyakyusa mwaka huohuo. Misikiti nayo ina mizizi yake mjini. Kwa uzoefu wangu, ni nadra sana mtu wa dini moja kuivamia sikukuu ya dini nyingine huku kwetu. Majirani hupelekeana pilau na soda. Fujo nyingi za sikukuu zinatoka ndani: upande wa mchungaji aliyeondolewa na upande wa aliyeletwa, kamati ya zamani ya msikiti na kamati mpya, wote wakidai matembezi ni yao, funguo ni zao, spika ni zao.

India wanalijua hili kuliko sisi. Ibara ya 226 ya Katiba yao inazipa Mahakama Kuu za majimbo nguvu ya kutoa amri moja kwa moja kwa mamlaka yoyote, na maombi ya ulinzi wa polisi kwa sikukuu za mahekalu ni jambo la kawaida mbele ya Mahakama Kuu ya Madras. Mwaka 2023 Jaji N. Anand Venkatesh wa mahakama hiyo alikataa ombi la namna hiyo pale makundi mawili yalipogombania kuendesha sikukuu ya hekalu. Alisema kwa uchungu kwamba sikukuu zinageuzwa uwanja wa kupimana ubavu, na kwamba kama hekalu linazaa vurugu tu, ni afadhali lifungwe. Maneno makali, lakini naelewa yalipotoka. Askari akisimama pembeni ya upande mmoja siku ya sikukuu, upande huo unapiga picha na kusema: mmeona, Serikali imetutambua.

Katiba yetu, Ibara ya 19(2), inasema shughuli na uendeshaji wa jumuiya za dini viko nje ya shughuli za mamlaka ya nchi. Polisi hawana ruhusa ya kuchagua askofu wala imamu kwa kumsindikiza. Kwa hiyo jaji makini atauliza mapema: nani amekuja mbele yangu? Kanisa au msikiti hauwezi kushtaki kwa jina la ubao wa barabarani. Wenye uwezo huo ni wadhamini waliosajiliwa chini ya Sura ya 318 kwa Kabidhi Wasii Mkuu. Kama majina ya wadhamini yaliyoko RITA, ofisi ya Kabidhi Wasii Mkuu, ni ya watu waliofariki au waliohamia upande wa pili, ombi lina ufa tangu siku ya kwanza. Waumini mmojammoja wanaweza kwenda kwa majina yao kudai ulinzi wa uhai wao na ibada yao, na mara nyingi hiyo ndiyo njia safi zaidi: inaomba watu walindwe, haimwombi jaji aseme nani kiongozi halali.

Hati ya kiapo iandikwe na aliyeona. Katibu aliyekuwa Dar es Salaam siku ya fujo asiape kuhusu bodaboda. Na tangu mabadiliko ya 2021 Kiswahili ni lugha ya sheria na mahakama, basi bibi wa mtaroni anaweza kueleza jambo lake kwa maneno yake, likabaki hivyo kwenye jalada.

Yule mzee hatukumpeleka Mahakama Kuu. Tuliandika barua ya kurasa mbili siku ileile, akaenda nayo mwenyewe, akarudi jioni na nakala yenye muhuri wa bluu ameifunga kwenye nailoni isilowe. Siku ya tisa bila majibu akapeleka ya pili, akiitaja ya kwanza kwa tarehe. Siku ya kumi na mbili pande zote mbili ziliitwa wilayani. Polisi Kata akapendekeza msafara usipite njia ya sokoni, wazee wakakubali kuzunguka. Vijana wawili walisaini dhamana mbele ya hakimu. Mmoja alikuja na mama yake akiwa mdhamini, na mama hakumtazama mtoto muda wote.

Jumapili ya Matawi kulikuwa na trafiki mmoja kwenye makutano, na askari wawili nyuma ya kwaya, makoti ya mvua yamefungwa mpaka shingoni. Bodaboda tatu zilisimama ng'ambo ya barabara, injini zimezimwa. Bibi alikuwa mstari wa mbele, mjukuu amemshika yeye safari hii.

Shauri la nani ni wadhamini halali wa kanisa lile bado liko masjala.